Mkilua au mwasumini: upi uupe shimo la uani?

Mtoto wa kaka yangu amehamia nyumba mpya Fuoni, hapa Unguja. Nyuma ya jiko lake umebaki ukanda wa ardhi, hatua tatu kwa tano: huku ukuta wa jirani, huku tangi la maji. Akanipigia simu. "Shikamoo shangazi. Nataka mti mmoja tu wa harufu hapa uani. Nipande upi?" Nikamwambia nipe siku mbili. Zimepita wiki tatu. Kila nikitaka kumjibu naukumbuka mwasumini wa marehemu mama, halafu nautazama mkilua wangu hapa nje, na jibu linaniponyoka.

Sasa nimeliandika, na kama nawe unacho kipande cha ardhi cha namna hiyo, huenda likakufaa.

Kwanza niwaondoe wasiofaa hapo uani. Mlangilangi ni mti, si kichaka. Ukiuacha unapita paa la nyumba, na ukiukatakata ili ubaki chini utakuwa umeshika panga maisha yako yote. Mkadi unataka uwanja, na majani yake yana meno kama msumeno. Mtoto akiufuata mpira humo atatoka na damu. Mwaridi ni mzuri kwa mwenye subira ya kuutibu, maana kwa joto letu na unyevu wetu hauishi kuugua. Mrehani haumo kwenye shauri hili kabisa, kwani unaota hata kwenye kopo la maziwa. Waliobaki ni watatu: mwasumini, mkilua na mhina. Mhina nitauweka pembeni mpaka mwisho, una kesi yake peke yake.

Mwasumini ni mgeni aliyesahaulika kuwa mgeni. Kwao ni Asia ya Kusini, na bahari hii hii iliyotuletea kanga na udi ndiyo iliyousambaza. Wataalamu wa mimea wanauita Jasminum sambac. Hilo neno la pili linatokana na zanbaq ya Kiarabu. Linnaeus, yule Mswidi aliyeipa mimea majina ya kitaalamu, aliuandika mwaka 1753, akauweka kwenye jamii nyingine, ukahamishiwa kwenye jamii ya asumini baadaye. Wafilipino wameufanya ua lao la taifa tangu 1934. Sisi hatujaufanya chochote rasmi, lakini nitajie harusi ya Unguja iliyopita bila asumini.

Mkilua ni mwenyeji. Asili yake ni misitu ya pwani ya Kenya na Tanzania, na mwituni huota chini ya miti mikubwa, kivulini, ambako jua hufika vipande vipande. Ukoo wake ni ule wa mstafeli, mtopetope na mlangilangi. Hapa pana jambo ninalolipenda mno. Mtaalamu wa mimea wa Kew, ile bustani kubwa ya mimea ya Uingereza, Bernard Verdcourt, alipokuwa akiipanga mimea ya ukoo huo katika Afrika Mashariki aliona kwamba huu wetu hauingii katika jamii yoyote iliyokwisha kuandikwa. Mwaka 1970 akaufungulia jamii mpya, na badala ya kuubandika jina la bwana fulani wa Ulaya, akaandika jina walilomtajia watu wa pwani: Mkilua. Jina kamili ni Mkilua fragrans, na hilo la pili ni Kilatini cha kunukia. Kiswahili kitupu, tena na ile M ya mti mbele yake. Katika jamii hiyo umo wenyewe tu, hauna mwenzake.

Ila mtu hapandi jina. Tuje kwenye harufu.

Asumini hutangaza. Mwasumini wa mama ulikuwa uani kwetu Ng'ambo, mjini Unguja, umeegemea ukuta wa kisima, na kazi yangu ya kila jioni ilikuwa kuchuma kabla ya adhana ya magharibi. Huchumi ua lililofunguka. Unachuma tumba, lile jeupe lililonenepa ncha, ambalo kesho litakuwa limechelewa. Yale madogo ya kijani unayaacha, siku yake bado. Unatia kwenye sahani yenye maji kidogo. Mama alikaa kwenye mkeka na sindano na uzi, akitunga, mimi nikimpa mojamoja, na wakati anafunga fundo la koja matumba ya mwanzo yalikuwa yameshaanza kufumbuka mikononi mwake. Usiku nyumba nzima imejaa. Asubuhi ukilitazama koja lile lile limekuwa kahawia pembeni, kama karatasi iliyopitiwa na moto. Asumini ni ya usiku mmoja. Ndiyo maana mti wake lazima uzae sana, na unazaa kweli: ukiutunza, katika miezi ya joto hukosi sahani ya jioni.

Kilua hakitangazi hivyo. Petali zake ni nene, zina nyama; ukizibana kwa ukucha unaona zinatoa maji. Rangi yake si ya kujionyesha kama weupe wa asumini. Unapita uani huna habari, mara pua inakwambia simama, ndipo unaanza kufunua majani kukitafuta. Harufu yake ni nzito na tamu, ina kitu cha tunda bivu ndani yake, na haichoki upesi. Mwaka jana nilitia vilua viwili katika mkunjo wa kanga nikavisahau kabatini. Nilipoifungua kanga ile siku ya nne vilikuwa vimesinyaa, vyeusi, havitazamiki, lakini kanga ilinukia mpaka mume wangu akauliza leo kuna nini. Hakukuwa na kitu.

Kwa hiyo anayetaka kutunga makoja, kumwaga maua juu ya kitanda cha bibi harusi, kujaza sinia, huyo anatafuta asumini. Kilua hakijazi sinia. Kilua kinatiwa kimoja au viwili ndani ya kikuba, kile kifungu cha kunukia, pamoja na mrehani na asumini yenyewe, au kinachomekwa kwenye nywele, au kinafichwa kifuani, na kinatosha. Wazee wakimsifu mwanamke kwa jina la kilua hawamaanishi kwamba anaonekana kutoka mbali.

Sasa tushuke chini kwenye udongo, maana huko ndiko watu wanakoharibu.

Mwasumini unataka jua. Si mwanga, jua. Mti wake ukiwa kivulini utaishi, utatambaa, utakuwa na majani mazuri ya kijani, na maua utayahesabu kwa vidole. Nimeona nyumba nyingi mpya mtu kaupanda nyuma ya tangi kisha analalamika kwamba mche aliopewa ni dume. Hakuna dume. Upe jua la nusu siku au zaidi, maji, samadi iliyooza, kisha ukate. Wengi huona huruma kukata, na hapo ndipo wanapokosa, kwa sababu maua ya asumini yanatoka kwenye matawi machanga. Baada ya msimu kupoa chukua mkasi, rudisha matawi nyuma kwa theluthi moja, na mvua zikija utaona vichipukizi vipya na tumba katika ncha zake. Usiulishe mbolea ya chumvichumvi ya kukuza majani, ile ya urea, kwani utapata kichaka cha kufugia kuku.

Mkilua unataka kinyume chake. Wangu wa kwanza niliupanda penye jua la kutwa, juu ya kifusi kilichobaki cha ujenzi, nikasema wa hapa hapa utavumilia. Majani yaliungua pembeni, yakakunjika, na kaskazi ilipofika mti ukaniaga. Nilikuwa nimesahau kwamba huo si mti wa uwandani. Ni mti wa chini ya miti. Unataka udongo wenye mboji ya majani, unyevu usiotuama, kivuli chepesi hasa ukiwa mchanga, na ukinge na upepo wa chumvi. Wa pili niliupa kona kati ya ukuta na mstafeli, nikafukua kifusi chote mpaka nikafika udongo, nikatia majani yaliyooza niliyoyazoa chini ya mwembe. Kila jioni kata mbili za maji. Sasa umenipita kimo.

Na hapo pana kisa. Kabla ya huo uliopona kulikuwa na mwingine, niliouziwa na muuza miche mmoja wa kando ya barabara. Akaniapia ni mkilua. Nikaulea miaka mitatu, nikauimbia karibu, na mwaka wa tatu ukanitolea stafeli. Si kosa kubwa sana kwa jicho, maana wawili hao ni ndugu na miche yao hufanana, lakini kwa mtu aliyengoja vilua ni kisirani. Huo ndio mstafeli ninaokwambia unaukinga mkilua wangu sasa. Nao una kazi yake. Tangu siku hiyo sinunui mche wa mkilua ambao sijauona mama yake ukiwa na maua. Ukiwa na shaka, fikicha jani: harufu ya jani la mstafeli unaijua, haikupotezi.

Muda wa kungoja ndio unaowatenganisha zaidi. Mwasumini unapandwa kwa kipande cha tawi. Unakata urefu wa shubiri, lenye vifundo vitatu au vinne, unaondoa majani ya chini, unachomeka kwenye mchanga wenye maji na kukiweka kivulini. Baada ya mwezi au mmoja na nusu ukivuta taratibu unasikia limeshika. Kabla mwaka haujageuka umeshachuma. Kwa hiyo haupaswi kuwa na bei hata kidogo. Mwenye mwasumini akikunyima kijiti basi ana lake jambo. Mkilua ni wa mbegu, na mbegu hizo hazina haraka wala hazipendi kukaushwa na kuwekwa kabatini. Zichukue mbivu uzitie udongoni siku hiyo hiyo. Mche wangu ulikuwa na urefu wa kiganja nilipoupata, na kilua cha kwanza nilikinusa mwaka wa nne. Miaka minne ni mingi kama nyumba ni ya kupanga.

Nakuomba jambo moja: usiende kuung'oa msituni. Misitu ya pwani imeliwa na mkaa na mashamba mpaka imebaki viraka, na mti unaoota chini ya miti hauna pa kukimbilia miti yenyewe ikikatwa. Huku kwetu mabaki ya msitu wa asili kama Ngezi, kaskazini magharibi ya Pemba, ni hifadhi. Tena mti mkubwa uliong'olewa mizizi yake imekatika. Utaufikisha nyumbani ukiwa umeshakufa bila wewe kujua. Omba mbegu kwa mwenye mti.

Maradhi sitayasema sana. Mwasumini hupata wale wadudu weupe kama vipande vya pamba kwenye vifundo, na ukiwaona sisimizi wanapanda na kushuka ujue wameshafika. Maji ya sabuni ya kufulia, kitambaa, na subira ya siku chache. Mkilua wangu haujaniumiza kichwa kwa wadudu. Unaumizwa na kiu na jua, basi.

Wapo watakaokwambia mwasumini unaita nyoka. Bibi yangu alisema hivyo na akaupanda vilevile. Ninavyoona mimi, nyoka hafuati harufu. Anafuata mijusi na vyura waliojificha kwenye kichaka ambacho hakijapunguzwa miaka kumi. Rudi kwenye habari ya mkasi.

Mhina sasa. Huu ni mti wa watu wa maweni. Kama nyumba yako iko Makunduchi, Paje, Jambiani, au popote ambapo jembe likishuka linagonga jiwe la tumbawe, usihangaike na mkilua, na hata mwasumini utakutesa kwa maji. Mhina unavumilia ukame, jua kali na udongo duni, na unakubali kukatwa uwe ua wa nyumba. Maua yake ni madogo, yanakuja kwa vishada, na yananukia vizuri jioni ingawa watu hawayasemi kwa sababu macho yote yako kwenye majani. Jina lake la kitaalamu ni Lawsonia inermis, na inermis maana yake ni asiye na silaha. Huyo aliyeuita hivyo hakuwahi kuukata mhina mkongwe. Matawi yakizeeka ncha zake zinakuwa miiba ya kutoboa kandambili.

Majani unayachuma, unayaanika kivulini, unatwanga na kuchunga, kisha unakanda kwa ndimu na kuacha mpaka rangi iachie. Ukiwa nao uani unajua unachompaka mtoto wako. Hilo kwangu lina uzito, maana ile piko nyeusi wanayochanganya na dawa ya kutilia nywele rangi imewatoa watu malengelenge, na bibi harusi mmoja wa familia yetu alikwenda ukumbini na mikono imevimba. Hina ya mti haiwi nyeusi ti. Ukiona nyeusi ti, uliza.

Basi tuugawe mji. Unakaa ghorofani Mji Mkongwe, huna ardhi ila una kibaraza au paa linalopigwa na jua: mwasumini, kwenye ndoo kubwa iliyotobolewa chini, na hakuna mjadala. Unakaa bondeni Pemba, Wete au Chake, penye mikarafuu au miembe ya kukutilia kivuli na mvua ambayo kwa mwaka inapita ya Unguja: mkilua, na utaupata vizuri kuliko mimi. Unakaa maweni: mhina, uuzungushe nyumba nzima. Umepanga na mwenye nyumba hajulikani atakutoa lini: mwasumini wa ndoo, uhame nao.

Na wewe, mwanangu wa Fuoni? Nilifikiri kwanza nikwambie mwasumini, kwa sababu unaolewa mwakani na ungeuona umechanua kabla ya hapo. Kisha nikakumbuka ule ukanda wako. Ukuta upande huu, tangi upande ule, jua linaingia saa sita na saa nane limeshatoka. Huo si uwanja wa asumini. Ila mbele ya nyumba, pale barazani ulipoweka viatu, jua linawaka tangu asubuhi, na mwasumini hauhitaji ardhi. Ndoo ya rangi waliyoiacha mafundi inautosha. Mkilua haupendi ndoo, au tuseme nilijaribu mara moja na mizizi ikabanwa, mti ukadumaa. Unataka shimo. Na wewe shimo unalo moja tu, tena la kivulini.

Kwa hiyo shimo ni la mkilua, na mwasumini uupe ndoo. Ulitaka mti mmoja, nakupa miwili, na hakuna anayegombania nafasi ya mwenzake.

Fukua kifusi chote kwanza, usinidanganye. Saruji iliyomwagwa na mafundi ikibaki humo udongo hautakuwa udongo. Kina cha goti. Ujaze majani yaliyooza na samadi ya ng'ombe iliyokaa, ulimwagie maji, uliache wiki mbili litulie. Vijiti vya asumini nimeshakuchomekea vitano, viwili vimechipua. Mche wa mkilua upo nyuma ya jiko langu kwenye mfuko mweusi, una majani sita. Njoo uuchukue vuli ikianza, na uje na kikapu, usiubebe kwenye bodaboda upepo ukaupiga.